Baada ya Maji Kupungua: Maisha ya Manusura, kutoka Milimani hadi Sabaki

Kila msimu wa mvua kubwa, bahari iliyo mbele ya mtaa wa Shella mjini Malindi hubadilika rangi. Maji ya buluu hugeuka hudhurungi, wavuvi husogea mbali kutafuta maji safi, na ufuo hujaa magogo, mabua ya mahindi na mara nyingine vyombo vya nyumbani. Wageni huuliza bahari imepatwa na nini. Wenyeji wana jibu fupi: Sabaki umejaa. Si wengi wanaosimama kufikiria udongo ule ulikuwa shamba la nani kabla haujafika pale.

Sabaki ni mto mmoja wenye majina matatu. Huanza ukiitwa Athi katika nyanda za juu karibu na Nairobi, ukikusanya maji ya vilima vya Ngong na ya miteremko ya kusini ya Aberdare. Ndani ya Tsavo hukutana na mto Tsavo, unaoleta maji kutoka upande wa Kilimanjaro, na kuanzia hapo huitwa Galana. Ukikaribia Pwani huitwa Sabaki, na huingia baharini kaskazini kidogo mwa mji wa Malindi. Safari hiyo ni ya takriban kilomita 390, na nchini Kenya ni Tana pekee unaoushinda kwa urefu.

Matumbawe ya Malindi yameweka hesabu ya udongo huo. Wanasayansi walichunguza tumbawe lenye umri wa miaka 300 hivi, na mwaka wa 2007 wakachapisha walichokiona: udongo unaoletwa na mto uliongezeka sana mwanzoni mwa karne ya 20, wakati ardhi ya bara ilipoanza kufyekwa kwa ajili ya mashamba ya walowezi. Tangu hapo haujarudi kiwango cha zamani. Mlima unapovuliwa miti huko juu, habari zake hufika Shella kwa njia ya tope.

Mvua yenyewe nayo inahusiana na bahari hiyohiyo. Katika miaka ambayo Bahari ya Hindi huwa na joto zaidi upande wa Afrika Mashariki kuliko upande wa Indonesia, mvua za vuli huzidi kipimo. Ndivyo ilivyokuwa mwishoni mwa 1997, ikawa hivyo tena 2019, na tena 2023.

Mvua za 2019 ndizo zilizoangusha milima ya Pokot Magharibi usiku wa kuamkia Novemba 23, zikafukia makazi ya Nyarkulian na Parua. Mvua za 2023 ziliujaza Sabaki ukavunja kingo zake huku Kilifi, na Desemba 3 zikashusha tope la Mlima Hanang, nchini Tanzania, juu ya mji wa Katesh na vijiji jirani. Watu zaidi ya 80 walikufa. Masika ya 2024 ikawa zamu ya Mai Mahiu, Kaunti ya Nakuru, ambako alfajiri ya Aprili 29 maji yaliyokuwa yamezuiliwa nyuma ya tuta la reli yalipasua njia na kusomba nyumba zilizokuwa zimejaa watu waliolala. Usiku wa kuamkia Novemba 1, 2025, mlima uliporomoka Chesongoch, Elgeyo Marakwet.

Maji ya Pokot, ya Hanang na ya Mai Mahiu hayafiki baharini. Kinachofika ni maswali ya waliobaki hai, na maswali hayo ni yaleyale ya mkulima wa Garashi au Chakama aliyeamka akakuta mto umehamia jikoni kwake. Nitalala wapi? Nani anajua kwamba nimepoteza? Je, nirudi palepale?

Dakika za mlimani, siku za Sabaki

Tofauti kubwa kati ya janga la mlimani na la huku chini ni muda. Mteremko mkali ulioshiba maji huachia kwa ghafla. Udongo, mawe na miti hushuka pamoja, na aliye chini ana dakika chache, au hana hata moja. Dalili huwepo: nyufa mpya ardhini, miti na nguzo zilizoinama, chemchemi iliyokuwa safi ikianza kutoa tope. Dalili ya hatari kuliko zote ni mto kupungua ghafla wakati mvua bado inanyesha, kwa sababu maana yake ni kwamba maji yamezibwa mahali huko juu na yatakuja yote kwa pamoja. Familia nyingi za Kilifi zina vijana wanaofanya kazi au kusoma bara, na jambo hili linafaa kuwafikia kwa simu kabla ya mvua.

Sabaki hutoa muda. Maji ya mvua iliyonyesha nyanda za juu huchukua siku kadhaa kufika Magarini na Malindi, na mara nyingi hufika wakati jua la Pwani linawaka. Hapo ndipo watu hudanganyika. Anga ni safi, na chifu anasema watu wahame. Mwenye kungoja alione wingu juu ya Malindi ndipo ahame atakuwa amechelewa, maana wingu linalohusika lilishamwaga maji yake Machakos au Kiambu. Idara ya Utabiri wa Hali ya Hewa hutoa tahadhari, na Mamlaka ya Rasilimali za Maji hupima kina cha mito, na taarifa hizo huja Pwani kupitia redio, machifu na wasimamizi wa wadi.

Kwa sababu ya muda huo, manusura wa mlimani huwa amepoteza watu, na manusura wa Sabaki mara nyingi amepoteza vitu. Isichukuliwe kuwa kupoteza vitu ni jambo dogo. Ghala la mahindi, mbuzi 12, godoro, jembe, sare za shule na bahasha ya stakabadhi ndiyo mali yote ya nyumba nyingi.

Manusura asiyeonekana

Baada ya mafuriko, kamera huenda kambini. Hema huonekana, foleni ya chakula huonekana, na orodha ya waathiriwa huandikwa pale. Lakini sehemu ya waliokimbia hawaendi kambini hata siku moja. Huenda kwa jamaa. Huja Shella, Maweni, Muyeye au Kisumu Ndogo, kwa shangazi, kwa kaka, kwa mkwe au kwa rafiki wa baba aliyekuwa akinunua ndizi zao sokoni. Nyumba ya vyumba viwili iliyokuwa na watu 5 hulaza 11. Hakuna hema, kwa hivyo hakuna anayehesabu.

Jambo hili linamgusa mkaazi wa mjini moja kwa moja, ingawa nyumba yake haikuingiwa na tone la maji. Anayepokea wageni wa mafuriko hubeba gharama ya unga, maji na nauli kwa miezi. Ukarimu wa Pwani haujawahi kuhitaji kufundishwa, lakini ukarimu usioandikwa popote humnyima mgeni haki yake.

Sheria iko wazi kuliko wengi wanavyodhani. Sheria ya mwaka 2012 kuhusu kuwalinda na kuwasaidia wakimbizi wa ndani inamtambua mtu aliyelazimika kuhama makwao kwa sababu ya janga la asili, na haisemi lazima akae kambini. Aliyelala kwa shangazi yake Shella ni mhamaji sawa na aliyelala hemani Magarini. Linalotakiwa ni ajulikane. Jina lake lipelekwe kwa chifu au naibu wa chifu wa kule alikotoka, na pia wa hapa alipofikia. Mwenye nyumba aliyempokea anaweza kwenda naye na kueleza ni watu wangapi, watoto wangapi, nani mjamzito, nani anatumia dawa za kila siku. Wazee wa mtaa wanawajua wageni wote wa mtaa, na mara nyingi ndio njia fupi.

Kwa nini pia kule alikotoka? Kwa sababu msaada wa chakula huenda kwa mtu alipo, lakini mambo ya ardhi, mbegu na fidia, yakiwepo, hufuata shamba lilipo. Aliyeandikwa mjini pekee anaweza kukosa mbegu. Aliyeandikwa kijijini pekee anaweza kukosa unga.

Katiba ya 2010, katika Jedwali la Nne, imeweka usimamizi wa majanga kuwa kazi ya serikali ya kitaifa na pia ya kaunti. Sheria ya Usimamizi wa Fedha za Umma ya 2012 inairuhusu kaunti kuwa na hazina ya dharura, na inaiwekea kikomo cha asilimia 2 ya mapato yake. Huo ni mfuko wenye mipaka, na unagawanywa kwa kutegemea orodha. Jina ambalo halimo katika orodha halina bajeti.

Stakabadhi zilizolowa

Kitambulisho kilichopotea hubadilishwa baada ya kuripoti kwa polisi na kupata abstrakti, kisha kwenda kwa ofisi ya usajili wa watu au kituo cha Huduma. Cheti cha kuzaliwa kina rekodi yake katika ofisi ya usajili wa raia, na nakala hutolewa kutoka hapo. Mtoto asikae nyumbani kwa kukosa sare au cheti: Sheria ya Elimu ya Msingi ya 2013 inampa kila mtoto haki ya kusoma, na mzazi aende kwa mwalimu mkuu wa shule iliyo karibu na alipofikia aeleze hali.

Hati ya kumiliki ardhi huchukua muda zaidi. Mwenye shamba huapa kiapo kuhusu kupotea kwake, na Msajili wa Ardhi hutangaza katika Gazeti Rasmi la Serikali kwa siku 60 kabla ya kutoa nyingine. Kuna watu wanaosubiri kipindi kama hiki ili wauze mashamba yasiyo yao, kwa hivyo hati iliyopotea iripotiwe mapema.

Gumu kuliko yote ni la mtu aliyepotea. Katika maporomoko ya milimani kuna miili ambayo haijapatikana mpaka leo. Huko Bududa, mashariki mwa Uganda, kijiji cha Nametsi kilipofukiwa Machi 1, 2010, watu wengi walibaki palepale chini ya udongo. Mtoni pia hutokea, na mto hupeleka baharini. Bila mwili, cheti cha kifo ni kigumu kupata, na bila cheti mirathi husimama, akaunti ya benki hufungwa, na mjane hubaki katikati. Sheria ya Ushahidi ya Kenya inachukulia kuwa mtu amekufa ikiwa hajasikika kwa miaka 7 na wale ambao wangepaswa kumsikia. Familia isingoje miaka hiyo ipite ndipo ianze. Ripoti ya polisi iliyoandikwa wiki ya janga, yenye majina ya walioshuhudia, ndiyo itakayosomwa na mahakama baadaye. Kwa Waislamu, maswali ya eda na mirathi hupelekwa mahakama ya kadhi.

Mwili kwanza

Wiki ya kwanza adui ni maji machafu. Vyoo vya shimo vilivyofurika huingia visimani, na kipindupindu hakihitaji zaidi ya hapo. Maji ya kunywa yachemshwe mpaka yatokote, au yatiwe dawa ya klorini kwa kipimo kilichoandikwa kwenye pakiti. Kisima kilichoingiwa na mafuriko kisitumike mpaka kisafishwe na kitiwe dawa. Mjini pia tahadhari inafaa, kwa sababu maji ya mfereji ya Malindi hutoka Baricho, kando ya Sabaki huohuo, na mto ukichafuka au ukiharibu mitambo, mji mzima huhisi.

Malaria huja baadaye, wiki kadhaa baada ya maji kutuama, wakati watu wameshaanza kupumua. Chandarua kigawiwe kabla ya hapo. Wafugaji wana jambo lao: mvua kubwa za mwishoni mwa 2006 zilileta Homa ya Bonde la Ufa kaskazini mashariki na Pwani. Mbuzi na kondoo wengi wakiharibu mimba kwa wakati mmoja, afisa wa mifugo aitwe, na mnyama aliyekufa mwenyewe asichinjwe wala kugawanywa kitoweo. Kingo za Sabaki zina viboko na mamba, na maji yakipanda wanyama hao husogea walipo watu. Nyoka huingia nyumbani kutafuta pakavu.

Mvua inapoanza tena

Kuna maumivu ambayo hayatibiwi kwa dawa ya klorini, na ndiyo yanayozungumzwa kidogo zaidi.

Mtu aliyenusurika huambiwa ashukuru Mungu, na hushukuru. Kisha usiku mvua huanza kugonga mabati naye huketi kitandani, moyo ukimwenda mbio, akisikiliza. Wengine hawalali kabisa. Wengine hawawezi kupita mtoni. Mwanamume aliyekuwa mcheshi huwa mkali kwa wanawe, au huanza kunywa. Mama hurudia kuhesabu watoto. Mtoto wa miaka 9 huanza tena kukojoa kitandani, hang'atuki kwenye kanga ya mamake, shuleni anakodoa macho tu. Hiki si kichaa, wala si udhaifu wa imani. Ni mwili ambao bado haujaamini kwamba hatari imepita.

Walionusurika mlimani wana mzigo mwingine juu ya huo. Poromoko huchagua nyumba bila mpangilio: hii imefukiwa, ya jirani imebaki na kuku wake. Aliyebaki hujiuliza kwa nini yeye. Hukumbuka mkono alioushika ukamponyoka, au jirani ambaye hakumgongea mlango. Watu hujaribu kumtuliza kwa kusema ni kudura, na huenda ni kweli, lakini maneno hayo yakija haraka sana humfunga mdomo. Anachohitaji mwanzoni ni mtu wa kukaa naye, kumsikiliza akianza kusema, na kutomlazimisha akinyamaza. Hatua hiyo ndogo ina jina katika mafunzo ya afya, huduma ya kwanza ya kisaikolojia, na mtu yeyote mtulivu anaweza kujifunza: hakikisha yuko salama, mpe maji na nguo kavu, msikilize, mwunganishe na jamaa zake, usimwahidi usichoweza kutimiza.

Kwa watu wengi, hofu hupungua wiki zinavyopita, hasa wakiwa na jamaa, kazi ya mikono na ratiba. Ndiyo maana kumrudisha mtoto shuleni mapema ni tiba kuliko zawadi. Lakini dalili zikipita mwezi mmoja bila kupungua, au mtu akisema hataki kuishi, apelekwe kituo cha afya, na siyo kuambiwa avumilie. Wahudumu wa afya ya jamii wanaotembelea nyumba wanaweza kuelekeza. Watoto, au mtu mzima mwenye wasiwasi juu ya mtoto, wana nambari ya 116 isiyotozwa. Misongamano ya kambini na ya nyumba zilizofurika wageni huleta pia dhuluma dhidi ya wanawake na wasichana, na kwa hilo iko nambari ya 1195.

Jirani wa Shella ana nafasi hapa. Mgeni wa mafuriko anayekaa uani akiwa kimya wiki baada ya wiki huenda asiombe kitu. Kumwita aje kusaidia kusuka makuti au kuteka maji humrudishia zaidi ya kumpelekea sahani.

Kurudi au kutorudi

Swali linalorudi kila mwaka ni kwa nini watu hurudi palepale walipoangamia. Mjini huulizwa kwa mshangao, kana kwamba anayerudi hana akili.

Jibu liko ardhini. Miteremko ya Mlima Elgon ina udongo wa volkano unaootesha kahawa na ndizi karibu bila mbolea. Kingo za Sabaki zina tope laini ambalo mafuriko huliacha, na mahindi, ndizi, tikitimaji na maembe ya huko ndiyo hujaza soko la Malindi. Ni nguvu ileile: mvua inayoporomosha mlima ndiyo iliyorutubisha bonde. Aliyeko pale hakupachagua kwa ujinga. Alipachagua kwa sababu panalisha.

Baada ya Bududa, serikali ya Uganda ilihamishia mamia ya familia Kiryandongo, zaidi ya kilomita 200 kutoka mlimani, mahali tambarare penye mvua tofauti na mazao tofauti. Ardhi walipewa. Makaburi, soko, lugha ya majirani na kahawa vilibaki nyuma, na baadhi yao wakarudi mlimani. Maporomoko mengine yalipoua watu Oktoba 2018, safari hii familia zilianza kuhamishiwa Bunambutye, Wilaya ya Bulambuli, kwenye tambarare ya chini ya mlima uleule. Hanang, Tanzania ilijenga zaidi ya nyumba 100 Waret, ndani ya wilaya hiyohiyo. Ramani za miaka hiyo zinaonyesha serikali zikijifunza kufupisha safari.

Kilifi haihitaji kwenda Uganda kulijua hili. Mwaka wa 1914, baada ya upinzani uliohusishwa na Mekatilili wa Menza, ambaye sanamu yake iko Malindi mjini, serikali ya kikoloni iliwaamuru Wagiriama wahame kutoka kaskazini mwa Sabaki, kwenye ardhi iliyokuwa ghala lao, waende kusini. Nyumba zilichomwa. Njaa iliwafuata. Kabla ya miaka 10 kuisha, watu walikuwa wamerudi ng'ambo ya mto. Amri ile ilikuwa ya dhuluma na haifanani na tahadhari ya mafuriko, lakini imeacha kumbukumbu: afisa anayekuja kando ya Sabaki leo na neno "hameni" anakuta wazee waliosimuliwa mara ya kwanza neno hilo liliposemwa. Anayetaka kusikilizwa inambidi aeleze wahame kwenda wapi, kwa muda gani, na shamba litabaki la nani.

Hapo ndipo kutenganisha nyumba na shamba kunapoweza kusaidia. Mtu alale juu, alime chini. Nyumba, ghala, choo na kisima viwe kwenye kilima hata kama ni mwendo wa nusu saa, na bondeni kibaki kibanda cha mlinzi kisicho na kitu cha thamani. Kutembea kunachosha, na mazao yanahitaji kulindwa dhidi ya nyani na viboko, kwa hivyo si jambo jepesi. Lakini mto ukija usiku, kinachoenda ni mazao ya msimu mmoja, na mwenye shamba anabaki na wanawe.

Anayerudi shambani aangalie kwanza mto umeacha nini. Tope laini ni neema: kunde, pojo, mchicha na viazi vitamu huweza kupandwa mapema unyevu ungalipo, wakati mahindi ya muda mfupi yakitafutwa. Mchanga mzito uliofunika udongo ni hasara ya miaka, na afisa wa kilimo wa wadi auone kabla mbegu za msaada hazijamwagwa juu yake bure.

Mipaka nayo hupotea. Mto hung'oa bikoni, hubeba minazi na miembe iliyokuwa alama, na mara nyingine huhamisha mkondo wake mzima. Majirani walioshirikiana kupakia watoto mtumbwini hugombana miezi 2 baadaye juu ya mita 3 za ardhi. Asiwepo wa kusimika bikoni mwenyewe, hata kama ana hakika. Wazee na chifu waite pande zote mbili, na mpima ardhi apime kutoka kwa ramani. Picha za simu za mpaka, zilizopigwa kiangazi na kutumwa kwa mtu mwingine zikahifadhiwe, zimekuwa ushahidi mzuri.

Kabla ya masika

Masika huanza Machi, na vuli huanza Oktoba. Familia zinazoishi kando ya Sabaki zinashauriwa kukubaliana mapema na jamaa wa mahali pa juu au wa mjini: nani atapokea watoto, mbuzi watapelekwa wapi, nani ana gari au boti, wazee wasioweza kutembea watabebwa na nani. Asiwepo wa kuvuka maji yanayokwenda kwa miguu, kwa pikipiki wala kwa gari, hata yakionekana ya magotini. Nambari ya dharura ya Shirika la Msalaba Mwekundu la Kenya ni 1199, na ya polisi ni 999 au 112, zote bila malipo.

Wenyeji wa Shella na mitaa mingine ya Malindi wenye jamaa bondeni wanaombwa kitu kimoja kisichogharimu chochote. Wapokee sasa, kabla ya mvua, bahasha yenye nakala za vitambulisho, vyeti vya kuzaliwa, hati za ardhi na kadi za kliniki za jamaa hao, waifunge ndani ya mfuko wa plastiki, na waiweke juu ya kabati.